Mama Gesi na Kelele ya Jumanne

Ukitaka Mama Gesi akutengenezee kiyoyozi cha gari, heshima yako iache getini. Hajali wewe ni nani. Atapokea salamu zako vizuri, atafuta mikono kwa kitambaa ambacho hakijawahi kuwa safi tangu kinunuliwe, kisha atakwambia, "Haya, lia wewe. Linaliaje?" Nawe utalia. Hakimu mzima alishasimama katika karakana ile, tai shingoni, akitoa "kwiii, kwiii" kama bawaba ya mlango iliyokauka mafuta, huku mafundi wa matairi wa upande wa pili wamejificha nyuma ya lori na kujishika mbavu.

Wageni hudhani ni mzaha. Si mzaha hata kidogo. Gari lina tabia ya mtoto anayekohoa wiki nzima, halafu akifikishwa kwa daktari ananyamaza. Lakini mwenye gari ile kelele anayo kichwani, ameilalia na kuiamkia. Kwa hiyo Mama Gesi hufumba macho akamsikiliza mtu kabla hajagusa boneti. "Kwiii" wakati wa kuwasha ni mkanda uliolegea. Ngurumo inayokoma ukizima kiyoyozi ni kompresa, beringi zake zimeshakula chumvi nyingi. "Sss" ni gesi inatoroka. Na mtu akishindwa kabisa kuiga, humwambia arudi nyumbani akamlete mkewe, maana wanawake, anasema, husikia hata wasichoambiwa.

Ufundi aliuanzia kwenye jokofu la mama yake. Lilikuwa jokofu kuukuu, linakufa na kufufuka, na fundi wa kuitwa hakuwepo. Binti wa miaka kumi na sita akalifungua mgongoni, na mama akachuchumaa pembeni akimmulikia kwa tochi. Mama hakuwa mtu wa kumulika kimya. "Hii inakaza kulia au kushoto?" anauliza. "Kulia inakaza, mama. Kushoto inalegea." "Na hiyo nyingine?" "Zote ni hivyo hivyo, mama, mulika hapa." Walikesha na jokofu lile siku nyingi za ujana wake, na hakuna shule iliyomfundisha zaidi ya pale. Baadaye akahamia kwenye magari, akachekwa, akavumilia, na waliomcheka sasa humletea magari yao wenyewe. Mume alikuwepo, kisha hakuwepo. Huyo tusimpotezee wino.

Kitu kimoja tu kilimshinda Mama Gesi kukitengeneza, nacho alikuwa nacho nyumbani. Miaka mitano nyuma mama yake alipatikana na ugonjwa wa sukari, akaja kuishi naye. Mama alikuwa mpenzi wa vitamu wa kupindukia, chai yake ungeweza kuisimamishia kijiko. Daktari alisema apunguze. Mama Gesi hakupunguza, alikata. Akachukua kopo la sukari lililojaa mpaka shingoni, akalifungia katika kabati la jikoni, akapiga kufuli, na ufunguo akautia kwenye kamba shingoni mwake. Yeye mwenyewe akaanza kunywa chai kavu, haki sawa kwa wote. Mama hakugombana. Alilitazama kufuli, akasema, "Sawa mwanangu, wewe ndiye fundi," akaenda zake kukaa barazani. Miaka miwili baadaye akafa usingizini. Daktari alisema ni moyo umechoka, na umri, na kwamba sukari yake haikuwa mbaya. Maneno hayo yangemfariji mtu mwingine. Mama Gesi aliyasikia kwa namna yake: mama alikufa bila kuonja utamu miaka miwili, na aliyemnyima ni yeye. Kufuli aliliacha palepale. Ufunguo ulihama shingoni ukaingia kwenye shada la funguo za karakana, na kila asubuhi akifungua geti anaugusa.

Sasa ndipo akaja Mzee Kipimo.

Huyu alikuwa mpima ardhi mstaafu, mrefu, mkavu, mtu wa kunyoosha hata mkunjo wa kitambaa cha meza. Jina la Kipimo alipewa kazini na likamfuata mpaka kwenye pensheni. Alifika siku ya Ijumaa, akaegesha gari lake la zamani sambamba kabisa na ukuta, akatoka na daftari.

"Shikamoo mzee. Haya, linaliaje?"

"Marahaba. Mimi siigi sauti," alisema Mzee Kipimo. "Nimeiandika."

Na kweli alikuwa ameiandika. Tarehe, saa, mwendo wa gari, hali ya hewa. Wiki nane. Kelele ilikuwa ikitokea Jumanne tu, na ilianza wakati wa kurudi kutoka kliniki, anakompeleka mkewe kila wiki kupimwa sukari na kusafishwa kidonda cha mguu. Siku nyingine gari lilikuwa kimya. Fundi wa kwanza aliyemwendea alimwambia kompresa imekufa, abadilishe yote. Wa pili alilisikiliza nusu saa, hakusikia kitu, akamtazama mzee kwa huruma.

"Mzee, daftari halilii," alisema Mama Gesi. "Niigie."

Mzee Kipimo akatazama kushoto, akatazama kulia. Akaweka daftari juu ya boneti, akavuta pumzi. "Tk-tk-tk-trrrrr," alisema polepole, kwa aibu kubwa, mkono mmoja mfukoni.

Mama Gesi alifumba macho. Hiyo haikuwa kompresa. Kompresa haina sauti nyepesi hivyo. Hiyo ilikuwa feni ya ndani, ile inayokaa chini ya dashibodi mbele ya magoti ya abiria, na kuna kitu kinaigusa. Akawasha gari, akawasha feni. Kimya. Mzee aliiweka kwenye namba moja, akaeleza kwamba yeye baridi haimpendi, ila mkewe ndiye asiyeweza joto. Akishikwa na joto baada ya kliniki hulegea kama nguo iliyolowa, na safari ni ndefu.

"Bibi huwa anaiweka namba ngapi?"

"Bibi harusi wangu? Nne. Kila mara nne."

Alimwita bibi harusi baada ya miaka arobaini na saba ya ndoa, na hakucheka alipolisema.

"Basi Jumanne mkitoka kliniki msipite nyumbani," alisema Mama Gesi. "Nileteeni gari na abiria wake. Nataka kelele ije na mtu wake."

Jumanne wakaja. Bibi harusi alikuwa mfupi, mnene kiasi, ana macho ya mtoto aliyetumwa dukani akakawia. Mguu umefungwa bendeji nyeupe. Mama Gesi akaingia kiti cha nyuma, wakazunguka mtaa mara moja. Feni namba nne. Kabla hawajafika kona ya pili, ikaanza yenyewe: tk-tk-tk-trrrrr. Mzee Kipimo akageuka nyuma na uso wa ushindi. "Umesikia? Sikuota mimi!" Bibi alikuwa anatazama nje, ameshikilia mkoba wake kwa mikono miwili.

Walirudi karakana. Mzee akapelekwa kwenye benchi kivulini na gazeti lake. Bibi alisema mguu unamuuma, atabaki kwenye gari na mlango wazi. Mama Gesi akapiga magoti, akalegeza kile kisanduku cha dashibodi cha kuwekea vikorokoro, na papo hapo akaona kosa la kwanza. Fundi fulani huko nyuma alitoa chujio la hewa akasahau kurudisha kifuniko chake. Nyuma ya kisanduku palibaki mwanya unaoingiza vidole viwili, moja kwa moja kwenye feni. Akafungua skrubu tatu, akaiteremsha feni kama mtu anayempokea mtoto, akaipindua.

Zikaanguka karatasi za pipi.

Nyekundu, za njano, za kijani, nyingine zimekatika kwa kupigwa na feni, nyingine nzima zinang'aa. Ziliendelea kuanguka juu ya mapaja yake. Akainua macho. Bibi alikuwa anamtazama, na macho yale ya dukani yamejaa hofu tupu.

"Mwanangu," alinong'ona. "Usimwambie. Nakuomba."

Kwenye benchi gazeti lilifunuliwa ukurasa mpya. Bibi akafungua leso yake, akatoa pipi moja nyekundu ambayo haijamenywa, akaitia katika kiganja cha fundi, akakifunga kile kiganja kwa mikono yake miwili. Mikono ilikuwa laini na baridi, na kwa mara ya kwanza maishani Mama Gesi akala hongo.

"Ni nini?" aliuliza Mzee Kipimo alipoitwa.

"Majani, mzee. Majani makavu yameingia kwenye feni."

"Majani," alirudia mzee. Akatoa daftari, akaandika, akapiga mstari chini yake kwa rula. "Basi sawa."

"Mniletee Ijumaa niangalie presha ya gesi," alisema Mama Gesi, kwa sababu alihitaji kusema kitu kingine.

Siku zile tatu hazikupita, zilikokotwa. Karatasi alizihifadhi ndani ya bahasha, kwenye mfuko wa ovaroli, pamoja na pipi. Alizihesabu: kumi na saba. Akiwa chini ya magari anaziwaza, akila anaziwaza. Mficha maradhi kifo humuumbua, ndivyo wasemavyo, na huyu mama anaficha maradhi kwa msaada wa fundi. Akianguka Jumanne moja njiani, nani atakuwa amemuua? Hapo huamua: nasema. Kisha hukumbuka ile mikono laini, anamwona Mzee Kipimo na rula yake akienda dukani kununua kufuli. Anamwona mwanamke mzee amekaa barazani miaka miwili, mtulivu, hagombani. Kufuli lile yeye alishalipiga mara moja katika maisha yake. La pili hakutaka kulipiga, hata kwa mkono wa mtu mwingine. Hapo huamua: sisemi. Alhamisi alimjazia mteja gesi mara mbili na kumtoza uso wa hasira, kana kwamba kosa ni la mteja.

Ijumaa mzee akaja peke yake. Mama Gesi alifunga geji zake, akatazama mishale, hakuiona. Akazifungua.

"Mzee," alisema, "nisamehe. Yale hayakuwa majani."

"Najua," alisema Mzee Kipimo.

"Unajua?"

"Gari langu linalala ndani, chini ya bati. Maegesho ya kliniki ni lami tupu. Mti wa karibu uko mita mia mbili na kumi." Akaketi kwenye benchi, akanyoosha suruali magotini. "Nionyeshe."

Mama Gesi akatoa bahasha. Mzee akazipanga karatasi juu ya benchi, safu kwa safu, zile zilizokatika akaziunganisha. Alipomaliza akafungua daftari, si mbele kulikokuwa na kelele, bali nyuma kabisa.

"Kumi na saba," alisema. "Imepungua moja."

"Imepungua?" Mama Gesi akaingiza mkono mfukoni taratibu, akatoa ile pipi nyekundu. "Hii alinipa mimi. Ninyamaze."

Mzee Kipimo akaitazama pipi, na uso wake mkavu ukavunjika vipande vipande kwa kicheko. Alicheka bila sauti, mabega yakimtikisika, mpaka akavua miwani.

"Kumi na nane," alisema. "Hesabu imekubali. Mwanangu, pipi hizo naziweka mimi."

Akamweleza. Bibi hudungwa sindano ya kushusha sukari asubuhi, kisha foleni ya kliniki humchelewesha kula, na mara mbili sukari ilimshuka njiani akatetemeka hadi mzee akadhani anamkosa. Daktari akasema: wakati wa kurudi ale pipi mbili, ni dawa hizo. Jumanne ya kwanza mzee akamtolea pipi, akampa kwa saa yake na kipimo chake. Bibi akazirudisha. Alisema yeye si mtoto wa kupewa pipi kwa amri ya daktari. Alikuwa na miaka sabini na moja, kila kitu anachokula kinapimwa, kinaandikwa, kinaruhusiwa. Hata maji. Alilia siku hiyo, na Mzee Kipimo hakuwa amemwona akilia tangu wazike mtoto wao wa kwanza.

"Nikafikiri sana," alisema mzee. "Tulipooana hatukuwa na kitu, na huyu alikuwa anaiba sukari kwenye kikombe changu nikigeuka. Nusu kijiko, nusu kijiko. Mimi nageuka makusudi. Sasa Jumanne kabla hatujatoka naziacha mbili kwenye kile kisanduku, chini ya vitambaa. Nasema nilinunua za wajukuu. Halafu nikiendesha natazama kioo cha upande wangu kwa muda mrefu kuliko inavyohitajika." Akanyoosha karatasi moja kwa kidole. "Nasikia anavyozimenya. Anakohoa ili nisisikie."

"Na yeye hajui kwamba unajua?"

"Siri ya mtungi, mwanangu. Aijuaye kata." Akakusanya karatasi zake, akazirudisha kwenye bahasha. "Mimi nilichokuwa sijui ni anapotupia karatasi. Nilidhani anaziweka mkobani. Kumbe anatuvunjia feni!"

Mama Gesi alikaa kwenye benchi. Alikuwa amejiandaa kuungama siri, akakuta imekwisha kuwekwa kwenye daftari.

"Sasa nikirudisha kifuniko," alisema baadaye, "mwanya utaziba. Ataona amegunduliwa. Ataacha kula."

"Ndiyo kazi niliyokuletea," alisema Mzee Kipimo. "Gesi mimi najua iko sawa."

Basi wakafanya kazi ambayo haimo katika kitabu chochote cha viyoyozi. Mama Gesi alirudisha kifuniko cha chujio, akakikaza. Nyuma ya kisanduku, pale vidole vya bibi vilipozoea, akauacha mwanya uleule, lakini nyuma yake akafunga kopo la majani ya chai lililokatwa ubavu, likashikwa kwa skrubu mbili. Karatasi itaingia palepale, itaanguka, itanyamaza. Mzee atakuwa anakuja kila baada ya miezi miwili kuangaliwa gesi, na kopo litamwagwa. Walijaribu kwa karatasi kumi na saba, feni namba nne. Hakuna kilicholia.

Alipotaka kumrudishia ile pipi nyekundu, mzee alikataa. "Kula wewe. Hongo hairudishwi."

Mama Gesi aliondoka karakana mapema siku ile, jua bado kali. Alifika nyumbani, akaenda moja kwa moja jikoni bila kuvua viatu, akasimama mbele ya kabati. Alitaka jambo moja tu, kufuli litoke. Akatafuta ufunguo katika shada, akautia. Haukuzunguka. Kutu. Akatia mafuta, akasubiri, akajaribu tena, ukagoma. Kwa fundi hilo si tatizo. Mlango ukikataa upande wa kufuli, unafunguliwa upande wa bawaba. Akachukua bisibisi, akainama.

Ndipo alipoziona zile skrubu.

Vichwa vyake vilikuwa vimeliwa. Mtu alikuwa amezifungua, si mara moja, na si kwa bisibisi, maana bisibisi haiachi kovu pana namna ile. Yeye angeijua alama hiyo popote: ni kisu cha mezani. Bawaba ya juu, skrubu nne, zote zimechubuka. Bawaba ya chini, tatu zimechubuka, na ya nne haikuwa ya kabati kabisa. Ilikuwa ndefu, nyeusi, ya mgongo wa jokofu, ya kutoka kwenye sanduku lake mwenyewe la vifaa. Mtu alipoteza moja akatafuta mbadala, na akaikaza vizuri. Kulia.

Akazilegeza moja moja. Mlango ukatoka mzima na kufuli lake, kufuli zima, kufuli la kazi bure, akauweka chini. Kopo lilikuwa palepale alipoliacha. Akalifunua. Sukari aliyoiacha imejaa mpaka shingoni mwa kopo ilikuwa imebaki vidole viwili, na ndani yake kimelala kijiko.

Miaka mitano alilitazama kufuli. Yeye, anayesikia beringi iliyochoka kutoka upande wa pili wa barabara, hakuwahi kutazama bawaba. Mganga hajigangi. Akakumbuka jinsi mama alivyokuwa akimsindikiza mlangoni asubuhi, amtakie kazi njema, asimame mpaka apotee kwenye kona. Alidhani ni mapenzi. Yalikuwa mapenzi, na pia alikuwa anasubiri jikoni pabaki patupu. Akamwona sasa, mwanamke wa miaka sabini na tisa, amechuchumaa na kisu cha mezani, ulimi nje, anajiuliza kwa sauti: kulia au kushoto?

"Wewe ndiye fundi," alisema Mama Gesi.

Akakaa sakafuni, mlango wa kabati mapajani, akacheka, na machozi yakamtoka asiyafute. Alilia jinsi ambavyo hakuwahi kulia kwenye mazishi. Alipotulia alitia mkono mfukoni, akatoa ile pipi nyekundu, akaimenya, akaila yote bila haraka. Karatasi akaitia ndani ya kopo la mama, juu ya kijiko, akalifunika.